Deborah Kerr, nyota wa filamu kutoka Uskoti: maswali yanayoulizwa mara kwa mara

Maswali haya yanajirudia kila filamu ya zamani ya Kerr inapoonyeshwa mahali, au mtu anapoikuta kwenye simu usiku na kujiuliza yule mwanamke mwenye nywele nyekundu ni nani. Nimeyapanga kuanzia ya mwanzo kabisa hadi yale ya wajuzi. Jambo linapokuwa limejibiwa kwingine, nimetaja namba ya swali.

## Ya msingi

1. Deborah Kerr ni nani hasa?

Ni mwigizaji wa filamu na jukwaa, mzaliwa wa Uskoti. Alizaliwa tarehe 30 Septemba 1921, akafariki tarehe 16 Oktoba 2007 akiwa na miaka 86. Filamu zake za kwanza alizicheza Uingereza wakati wa Vita vya Pili vya Dunia, akahamia Hollywood mwaka 1947, na kwa miaka ishirini na kitu akawa steringi wa kike ambaye studio ilimwita pale ilipohitaji mwanamke mwenye heshima zake.

Hilo la heshima lilimjengea jina, nalo lilimsumbua. Kwenye mabango ni mama wa staha, shingo juu, Kiingereza kilichonyooka. Ukikaa ukamtazama, utaona kazi yake ilikuwa kuonyesha kinachochemka chini ya staha hiyo. Maswali mengi yaliyo hapa chini yanarudi palepale.

2. Jina lake linatamkwaje?

Tamka "kaa", kama kaa wa pwani. Si "kea" wala "keri". Waskoti wenyewe huikaza r ya mwisho, Wamarekani nao huizungusha mdomoni. Studio ya MGM ilipomleta Marekani iliona watu watababaika, ikatangaza kwamba jina Kerr lina kina kimoja na neno "star", yaani nyota. Kwa msomaji wa mashairi ya Kiswahili hilo si jambo geni, maana kina ndicho kinachokufundisha matamshi.

3. Je, hilo ndilo jina lake la kuzaliwa?

Nusu. Alizaliwa Deborah Jane Trimmer. Baba yake, Kapteni Arthur Kerr-Trimmer, alipoteza mguu katika Vita vya Kwanza vya Dunia, kisha akawa mhandisi. Binti alipoingia kwenye uigizaji aliiacha Trimmer akabaki na Kerr.

4. Alizaliwa Glasgow au Helensburgh? Kila mahali wanaandika tofauti.

Glasgow, mtaa wa Hillhead. Helensburgh, mji mdogo kando ya mto Clyde, ndiko wazazi wake walikokuwa wakikaa, na ndiko alikoishi miaka yake mitatu ya kwanza. Ni sawa na mtoto wa Bagamoyo aliyezaliwa hospitali ya Dar es Salaam. Kila upande una sababu ya kumdai, ila cheti kinasema Glasgow.

5. Basi ni Mskoti kweli, au ni Mwingereza?

Kwa kuzaliwa ni Mskoti. Kwa malezi, shule na lafudhi ni wa kusini. Familia ilihamia England angali mdogo, akasoma huko, na kwenye filamu huwezi kusikia Glasgow mdomoni mwake. Kiswahili chetu nacho kinachangia kuchanganya mambo, maana "Mwingereza" tunamwita yeyote aliyetoka kisiwa kile. Mwambie hivyo mtu wa Glasgow uone uso wake.

Uskoti haukumpa filamu nyingi. *Hatter's Castle* (1942) ni hadithi ya mji wa Kiskoti. Yeye anacheza Mary Brodie, binti anayekandamizwa na baba katili. Miaka 25 baadaye aliigiza lafudhi nzito ya Kiskoti kwa mzaha mtupu, na hiyo imo katika swali la 21.

## Kabla ya Hollywood

6. Ni kweli alianza kama mcheza dansi?

Ndiyo. Shangazi yake alikuwa akifundisha katika shule ya uigizaji mjini Bristol, na huko ndiko alikoanzia. Kisha akapata nafasi ya kusomea dansi ya balei katika shule ya Sadler's Wells, London, na mwaka 1938 akapanda jukwaani akiwa mmoja wa wachezaji wa kundi la nyuma. Aligundua mapema kwamba hatakuwa mchezaji wa mbele, akageukia uigizaji. Dansi lakini haikumtoka mwilini. Mwangalie anavyoketi, anavyogeuka, anavyopanda ngazi akiwa na gauni zito. Mgongo wake una mafunzo.

7. Filamu yake ya kwanza ni ipi?

Inategemea unahesabuje. Aliigiza sehemu ndogo katika *Contraband* (1940), ikakatwa yote kabla filamu haijatoka. Wengi wetu humhesabia kuanzia *Major Barbara* (1941), ambamo anacheza Jenny Hill, msichana wa Jeshi la Wokovu.

Mwaka huohuo alibeba *Love on the Dole*, filamu kuhusu familia ya wafanyakazi wanaosagwa na ukosefu wa ajira. Katika miaka ya 1930 wakaguzi wa filamu wa Uingereza walikuwa wamekataa hadithi hiyo isipigwe. Vita vilipoanza ikaruhusiwa. Kerr alikuwa na miaka 19 hivi, na tayari ana ile tabia ya kunyamaza kwanza ndipo ajibu.

8. Katika *The Life and Death of Colonel Blimp* ni waigizaji watatu au ni yeye peke yake?

Ni yeye peke yake, na swali hili hunifurahisha kila mara kwa sababu ndiyo sifa kubwa anayoweza kupewa. Filamu inafuata maisha ya afisa mmoja wa jeshi kwa miaka 40. Katika kila kipindi kuna mwanamke: Edith, mwalimu aliyeko Berlin, kisha Barbara, muuguzi wa Vita vya Kwanza ambaye afisa anamwoa kwa sababu anafanana na Edith, na mwishoni Angela, dereva wa jeshi wakati wa Vita vya Pili. Wote watatu ni Kerr. Filamu ilipotoka mwaka 1943 alikuwa na miaka 21.

Nafasi hiyo ilikuwa ya Wendy Hiller, akapata ujauzito. Waziri Mkuu Churchill naye hakuitaka filamu, akiona inalidhihaki jeshi vita vikiendelea, lakini ikapigwa.

Jaribu hivi: zima sauti uangalie mikono tu. Edith huishika pamoja mbele. Angela huiachia iende, anaegemea, anazungumza nayo. Mwili uleule, wanawake watatu.

9. *Black Narcissus* ilipigwa India?

Hapana, hata kipande kimoja. Ile milima ya Himalaya, lile genge la mlima la kutisha, ule upepo unaopeperusha vitambaa vya masista, vyote ni studio ya Pinewood nje kidogo ya London pamoja na bustani moja ya kusini mwa England. Milima imechorwa. Filamu ilichukua Oscar mbili, ya upigaji picha iliyokwenda kwa Jack Cardiff na ya mandhari iliyokwenda kwa Alfred Junge.

Kerr ni Sista Clodagh, mkuu wa kikundi kidogo cha masista wanaofungua shule na zahanati katika jumba lililokuwa la masuria. Mahali penyewe panawashinda. Kengele ya ukingoni mwa genge ndiyo ya kukumbukwa: Clodagh anaivuta kamba, nyuma yake Sista Ruth, aliyerukwa na akili kwa wivu, anatoka mlangoni taratibu. Kerr haonyeshi hofu mapema. Anavuta kamba tu, kama mtu anayetimiza wajibu wa asubuhi.

Filamu ilitoka mwaka 1947, miezi michache kabla Waingereza hawajaondoka India, na ukiitazama ukijua hilo inasomeka vingine. Kuna doa pia: Jean Simmons amepakwa rangi acheze msichana wa Kihindi. Ndivyo walivyofanya, na haipendezi kuangalia.

## Hollywood

10. Kwa nini kila filamu alicheza mwanamke wa heshima?

Kwa sababu ndivyo MGM walivyomnunua. Mkataba wake ulikuwa wa mtayarishaji Gabriel Pascal, studio ikauchukua, na filamu ya kwanza ikawa *The Hucksters* (1947) pamoja na Clark Gable. Baada ya hapo wakamvisha magauni. *Quo Vadis* (1951), iliyopigwa Roma, ilimfanya Mkristo wa zama za Nero anayefungwa kwenye mti uwanjani mbele ya fahali. *Julius Caesar* (1953) ilimpa sehemu ndogo ya Portia. *Young Bess* ya mwaka huohuo ilimfanya Catherine Parr, mke wa mwisho wa Mfalme Henry VIII. Zote anacheza vizuri, na zote ungeweza kuweka mtu mwingine.

Aliyeivunja picha hiyo ni Karen Holmes wa swali linalofuata.

11. Lile busu la ufukweni lilipigwa wapi, na kwa nini ni maarufu hivyo?

Ni katika *From Here to Eternity* (1953), kwenye ghuba ndogo ya Halona, kisiwa cha Oahu, Hawaii. Watalii hadi leo hushuka kwenye mawe pale kupiga picha. Mwenzake ni Burt Lancaster.

Nafasi ya Karen, mke wa kapteni anayetembea na sajini wa mumewe, ilikuwa imepangiwa Joan Crawford. Mipango ikavunjika, wakala wa Kerr akamtaja yeye, na watu wakashangaa. Kerr akabadilisha nywele kuwa za dhahabu, akajifunza lafudhi ya Kimarekani, akaenda kazini.

Wengi wanakumbuka wimbi na busu, ambavyo kwenye filamu ni kufumba na kufumbua, na wanasahau kinachofuata palepale mchangani. Sajini, kwa wivu, anaanza kumchokonoa kuhusu wanaume wengine. Karen anakaa, taulo mabegani, anamsimulia usiku alioharibikiwa mimba, mumewe amerudi amelewa na hana msaada wowote, na jinsi ambavyo hatazaa tena. Hapandishi sauti. Mtu aliyekuwa akicheka majini dakika mbili zilizopita sasa anaongea kama anayesoma risiti. Ukitaka kujua kwa nini wenzake walimheshimu, usisimamishe filamu kwenye busu. Iache iendelee.

12. Katika *The King and I* anaimba mwenyewe?

Kwa sehemu kubwa hapana. Sauti ya kuimba ni ya Marni Nixon, mwimbaji aliyewatilia sauti nyota wengi wa Hollywood bila jina lake kuandikwa. Wawili hao walifanya mazoezi bega kwa bega ili pumzi na midomo vilingane, ndiyo maana mshono hauonekani.

Studio ilitaka iwe siri. Kerr mwenyewe ndiye aliyewaambia waandishi wa habari kwamba sauti ni ya Nixon. Kwa nyota wa mwaka 1956 hilo si dogo. Nixon alimwimbia tena mwaka uliofuata katika *An Affair to Remember*.

*The King and I*, inayomhusu mfalme wa Siam, yaani Thailand ya leo, ilipigwa marufuku Thailand, ambako ilionekana kuudhalilisha ufalme. Anayeuliza kama ni historia ya kweli, jibu limo humo.

13. Kuna filamu ya Kihindi ya Aamir Khan yenye hadithi ileile. Nani aliiga?

Unazungumzia *Mann* (1999), ya Aamir Khan na Manisha Koirala, na wapenzi wa sinema za Kihindi wa Mombasa, Zanzibar na Dar wanaijua vizuri. Hadithi yake ni ya *An Affair to Remember* (1957): watu wawili wenye wachumba wao wanapendana melini, wanaahidiana kukutana mahali fulani siku fulani, mmoja anapata ajali njiani na mwingine anadhani ametoswa. Katika ile ya Kerr na Cary Grant miadi ni juu ya jengo la Empire State, New York.

Usiwalaumu Wahindi peke yao. Filamu ya 1957 nayo ni marudio. Mwongozaji Leo McCarey alikuwa ameipiga mwaka 1939 kwa jina *Love Affair* na waigizaji wengine. *Sleepless in Seattle* (1993) inaitaja waziwazi, na ndiyo iliyowafanya watu wengi waitafute tena.

## Filamu iliyopigwa kwetu

14. Ni kweli Deborah Kerr alikuja Afrika Mashariki?

Kweli. *King Solomon's Mines* (1950) ya MGM ilipigwa Kenya, Tanganyika, Uganda, Kongo ya Wabelgiji na Ruanda-Urundi, na mwanzoni mwa filamu kuna shukrani kwa watawala wa maeneo hayo. Maporomoko ya Murchison yamo. Mwenzake ni Stewart Granger kama mwindaji Allan Quatermain. Waongozaji waliandikwa wawili, Compton Bennett na Andrew Marton. Ilipata Oscar ya upigaji picha, iliyokwenda kwa Robert Surtees, na ya uhariri.

Itazame leo kwa macho mawili. Jicho la kwanza linafurahi: nchi ya mwishoni mwa miaka ya 1940 imenaswa kwa rangi, kuna mkurupuko wa wanyama unaotetemesha kiti, na muziki ni ngoma na nyimbo za wenyeji badala ya okestra. Jicho la pili linaona mengine. Tembo wa mwanzoni anauawa kweli mbele ya kamera, na wenzake wanajaribu kumwinua. Waigizaji wa Kiafrika wameandikwa jina mojamoja, Siriaque, Kimursi, Sekaryongo, Baziga, kana kwamba hawana baba. Siriaque, Mtutsi mrefu aliyecheza Umbopa, anatembea kama mtu ambaye hahitaji kuelezwa ufalme ni nini. Kwangu mimi ndiye anayeibeba nusu ya pili.

MGM hawakutupa mabaki. Vipande vilivyobaki vilitumika miaka mingi baadaye kwenye filamu zao nyingine za Afrika.

15. Ndiyo hadithi ya *Mashimo ya Mfalme Sulemani* tuliyosoma?

Chanzo ni hichohicho, riwaya ya H. Rider Haggard, ambayo tafsiri yake ya Kiswahili imepita mikononi mwa vizazi vya wasomaji wetu. Ila ukimtafuta Kerr kitabuni hutamwona. Kitabuni Sir Henry Curtis anamtafuta ndugu yake. Filamu ikamwondoa Sir Henry ikamweka Elizabeth Curtis, mke anayemtafuta mumewe, ili Granger apate wa kugombana naye njiani. Kapteni Good naye amegeuzwa kuwa kaka wa huyo mama.

Usichanganye pia na matoleo mengine. Lile la 1937 lina Paul Robeson, na lile la 1985 lilipigwa Zimbabwe na lina Sharon Stone.

16. Na zile nywele?

Ah, nywele. Katikati ya pori Elizabeth anachoka na joto, anachukua mkasi, anakata nywele zake mwenyewe na kuziosha mtoni. Dakika moja baadaye amekaa juani na mawimbi yamejipanga kichwani kama aliyetoka saluni. Hakuna anayetazama asicheke. Hapo MGM walisahau kwamba wapo porini.

## Tuzo

17. Alishinda Oscar ngapi?

Ya ushindani, hata moja. Aliteuliwa mara sita kuwa mwigizaji bora wa kike, na hakuna mwanamke aliyeteuliwa mara nyingi zaidi katika kundi hilo bila kushinda. Kwa *Edward, My Son* (1949) alishindwa na Olivia de Havilland. Kwa *From Here to Eternity* alishindwa na Audrey Hepburn, usiku ambao filamu yenyewe ilizoa tuzo nane. *The King and I* ikamkuta Ingrid Bergman. *Heaven Knows, Mr. Allison* (1957) ikamkuta Joanne Woodward. *Separate Tables* (1958) ilimpa Oscar David Niven na Wendy Hiller waliocheza naye, lakini yake ikaenda kwa Susan Hayward. Ya mwisho, *The Sundowners* (1960), ikachukuliwa na Elizabeth Taylor.

Binafsi naona mwaka 1960 ndio walimkosea. Mke wa mchunga kondoo katika *The Sundowners*, uso umeungua jua la Australia, hana poda wala pozi. Wakosoaji wa New York waliliona hilo wakampa tuzo yao, ya tatu kwake baada ya zile za 1947 na 1957.

Mwezi Machi 1994 alipewa Oscar ya heshima. Alipanda jukwaani amedhoofika, akasema hajawahi kuogopa hivyo maishani. Aliyemkabidhi ni Glenn Close, ambaye naye hadi leo ameteuliwa mara nane mikono mitupu.

18. Je, alipewa cheo cha Dame?

Hapana, cheo hicho cha heshima cha wanawake wa Uingereza hakukipata. Alipewa nishani ya CBE mwaka 1998, ngazi moja chini ya hapo. Afya haikumruhusu kwenda kuipokea mwenyewe. Wanaomwandika "Dame Deborah" wanampenda tu.

## Nyumbani

19. Aliolewa na nani? Ana watoto?

Mara mbili. Novemba 1945 aliolewa na Anthony Bartley, rubani wa ndege za kivita aliyepigana angani kuilinda Uingereza mwaka 1940. Walipata mabinti wawili, Melanie na Francesca, wakaachana mwaka 1959. Mwaka 1960 aliolewa na mwandishi Peter Viertel, wakaishi Klosters, Uswisi, na Marbella, Hispania, hadi uzeeni.

Viertel naye aliijua Afrika yetu. Aliandamana na mwongozaji John Huston kwenye *The African Queen*, iliyopigwa Uganda na Kongo mwaka 1951, akifanyia kazi mswada, kisha akaandika riwaya kuhusu mwongozaji wa filamu anayetaka kuua tembo kuliko kupiga picha. Kwa hiyo mke na mume kila mmoja alipita huku kwa msafara wake, miaka mingi kabla ya kuoana.

Francesca aliolewa na mwigizaji John Shrapnel, na mjukuu wa Kerr, Lex Shrapnel, pia ni mwigizaji.

20. Kwa nini aliacha filamu, na alifariki kwa nini?

Mwishoni mwa miaka ya 1960 filamu zilikuwa zimegeukia uchi na damu, na nafasi za wanawake wa rika lake zilikuwa zimepungua. Mwaka 1969 alicheza *The Gypsy Moths* na *The Arrangement*, akafunga virago akarudi jukwaani. Filamu ya sinema alirudia mara moja tu, *The Assam Garden* (1985), mbali na kazi za televisheni kama *A Woman of Substance*.

Alikuwa na ugonjwa wa Parkinson. Mwishoni alirudi England akae karibu na familia, na akafariki Botesdale, Suffolk. Viertel, aliyebaki Marbella, alifariki tarehe 4 Novemba 2007. Hazikufika wiki tatu.

## Maswali ya pembeni

21. Eti alikuwa mpenzi wa James Bond?

Katika *Casino Royale* ya 1967, ile ya mzaha, si ile ya Daniel Craig. Ni Agent Mimi anayejifanya Lady Fiona, mjane wa ngome ya Kiskoti, na ndiko iliko lafudhi niliyoahidi katika swali la 5. Alikuwa na miaka 45. Filamu yenyewe ni fujo, ila yeye anaonekana kufurahia.

22. Ana undugu na John Kerr wa *Tea and Sympathy*?

Hapana. Walicheza pamoja kwenye jukwaa la Broadway, New York, kuanzia 1953 na kwenye filamu ya 1956, wanaandika jina vilevile, lakini hawana damu moja.

23. Kwa nini anatajwa sana pamoja na Robert Mitchum?

Kwa sababu wakikaa pamoja unaamini wanafahamiana tangu utoto. Walicheza filamu tatu za sinema, *Heaven Knows, Mr. Allison*, *The Sundowners* na *The Grass Is Greener*, na moja ya televisheni mwaka 1985. Katika ya kwanza, iliyopigwa Tobago, yeye ni sista na Mitchum ni askari, wamekwama kisiwani wawili peke yao. Mitchum alipenda kusimulia alivyodhani anakwenda kufanya kazi na mama mlokole, hadi siku mwongozaji wao, John Huston, alipomwamrisha Kerr apige makasia kwa kasi zaidi, tena na tena, naye akamgeukia na tusi la nguoni. Mitchum anasema kidogo azame kwa kicheko.

Huyo Huston ndiye aliyempigia pia *The Night of the Iguana* (1964) Mexico. Akijua mastaa wake watagombana, aliwagawia kila mmoja bastola ndogo ya dhahabu yenye risasi zilizochorwa majina ya wenzake.

24. *The Innocents* inatisha? Naweza kuangalia na watoto?

Inatisha, na usiangalie na watoto. Ni ya mwaka 1961, nyeusi na nyeupe, kuhusu yaya katika jumba kubwa la mashambani anayeamini watoto wawili wamepagawa na wafu. Hakuna damu, hakuna kelele. Kuna Kerr na mshumaa kwenye korido, na huwezi kujua kama anaona mizuka au anaiumba. Wengi wanaihesabu kuwa kazi yake bora, nami nimo.

25. Sijawahi kumwona hata mara moja. Nianze na ipi?

Usianze na *Quo Vadis*, utalala. Mwenye usiku mmoja achukue *Black Narcissus*. Mwenye mama au bibi nyumbani, *An Affair to Remember*, na leso ziwe karibu.

Ukishamzoea, tafuta *Separate Tables*. Humo hana uzuri wowote: ni Sibyl, binti mkubwa aliyefifia, nywele zimelala, sweta kuukuu, anaishi hotelini chini ya kidole cha mama yake. Mwishoni ni wakati wa kifungua kinywa. Mama anasimama, anamwamuru binti watoke pamoja, chumba kizima kinasikiliza. Sibyl hajibu kwa hotuba. Anabaki amekaa kwenye kiti chake, mikono inatetemeka kidogo mezani, na anaendelea kula.